Hukumu Mkononi, Jina Bado la Mwingine

Mtu anafika kwenye dirisha la ofisi ya ardhi ya mkoa, popote Tanzania Bara, na bahasha ya kaki. Ndani mna hukumu ya kurasa 14, muhuri wa baraza la ardhi na sahihi ya mwenyekiti. Kesi imemla miaka sita. Ofisa anaipokea, anaziruka hoja zote, anakwenda moja kwa moja ukurasa wa mwisho, anasoma aya moja tu, halafu anaingia ndani kuvuta jalada. Anarudi: "Mama, mimi na hukumu yako hatuna ugomvi. Ila siwezi kuiandika."

Wengi huondoka hapo wakiamini ofisa ameshalainishwa na upande wa pili. Rushwa kwenye ardhi ipo, hakuna haja ya kujifanya hatuijui. Lakini ukipitia majalada ya aina hii moja baada ya jingine, mara nyingi unakuta kasoro iko kwenye karatasi yenyewe, tena ilianza siku ya kwanza kabisa, pale mtu alipoandika maombi yake barazani bila kujua daftari la Msajili wa Hati, ofisa wa serikali anayeandika nani anamiliki kiwanja gani, linasomwaje. Baraza linaamua kati ya watu wawili. Daftari halina habari na ugomvi wa watu. Linajua namba ya hati, jina lililoandikwa juu yake, na nyaraka zinazoruhusu jina hilo kufutwa.

Aya ya mwisho aliyoisoma ofisa huwa inakwenda hivi: "Baraza linamtangaza mwombaji kuwa mmiliki halali wa eneo lenye mgogoro, lenye ukubwa wa takriban robo ekari, lililopo katika mtaa huo, na mjibu maombi anaamriwa kuondoka mara moja." Mtu wa kawaida anaona ushindi. Sasa isome kama mtu wa daftari. Eneo lipi? Mtaa mmoja unaweza kuwa na viwanja mamia, vingine vina hati, vingine barua ya toleo tu (barua ya kugawiwa kiwanja kabla ya hati), vingine havijapimwa. "Takriban robo ekari" haina mahali pa kuingizwa, kwa sababu hati inataja mita za mraba. Na nani ameamriwa afanye nini kwenye daftari? Hakuna. Mjibu maombi ameambiwa aondoke, na dalali wa baraza atamwondoa kweli, na ukuta wake utavunjwa. Hati yake lakini itabaki hai kabatini, na kwa hati hiyo hiyo anaweza kwenda kuweka rehani benki wiki inayofuata.

Kwa hiyo tuanze na namba. Kiwanja kilichosajiliwa kina majina kadhaa, na kila idara inakiita kwa jina lake. Namba ya kiwanja na ya kitalu, yaani kundi la viwanja kilimo, inatokana na mchoro wa mipangomiji na upimaji. Ramani ya upimaji iliyoidhinishwa ina namba yake ya usajili. Jalada la Kamishna wa Ardhi linatambulika kwa namba ya L.O. Hati yenyewe, ile anayoishughulikia Msajili, ina namba yake inayotanguliwa na C.T. Madai yanapaswa kubeba zote unazoweza kuzipata, na njia ya kuzipata ni upekuzi rasmi: unajaza fomu, unalipia kwa namba ya malipo ya serikali, unapewa majibu yanayoonyesha mmiliki aliyeandikwa, rehani kama ipo, na vizuizi kama vipo. Fanya upekuzi kabla ya kufungua shauri, usisubiri baada ya kushinda. Kuna watu wamemshtaki jirani miaka mitano, wakaja kugundua kwamba hati iko kwa jina la mtu wa tatu ambaye hakuwahi kuitwa barazani, na hukumu haimgusi hata kidogo.

Kitalu ndicho kinachosahaulika kuliko vyote. Kiwanja Na. 214 kinaweza kuwepo Kitalu A, B, C na D ndani ya eneo moja. Karani anachapa "Kiwanja Na. 214" na kuishia hapo, na Msajili hana mamlaka ya kubahatisha. Kanuni za mabaraza za mwaka 2003 zinataka maombi yaeleze anwani au mahali ardhi ilipo kiasi cha kutambulika. Sheria ya Mwenendo wa Madai nayo inataka maelezo ya kutosha, na pale penye namba ya hati, namba hiyo itajwe. Kwa ardhi isiyopimwa andika majirani wa pande zote nne kwa majina, mipaka ya kudumu kama barabara, mfereji au mwembe mkubwa, na vipimo vya kila upande kwa mita. Kukosa maelezo haya si suala la daftari tu. Mashauri yamefutwa kwenye rufaa kwa sababu hiyo peke yake.

Halafu kuna risiti. Hapa ndipo watu wengi hupotea, na huwezi kuwalaumu, kwa sababu serikali yenyewe ndiyo iliyopokea fedha zao. Mtu anakuja na risiti za kodi ya pango la ardhi za miaka 12 mfululizo, zote kwa jina lake, anazipanga mezani kama karata. Risiti hizo zinaonyesha kwamba kuna aliyelipa. Barazani zinasaidia kuthibitisha ukaaji na nia, hasa zikienda pamoja na mashahidi na mkataba wa mauziano. Peke yake hazihamishi milki, na mwanya ni huu: ukibeba namba ya malipo unaweza kulipia kiwanja cha mtu yeyote, mfumo hauulizi wewe ni nani. Wapo wanaojua hilo na wanalitumia. Wanalipia madeni ya kiwanja kilichotelekezwa miaka miwili mitatu, kisha wanaandika barua wakitaka jina libadilishwe "kwa kuwa ndiye mlipaji".

Kodi ya majengo ndiyo dhaifu zaidi kama ushahidi. Tangu Agosti 2021 inakatwa kupitia LUKU, umeme wa kulipia kabla, awali shilingi 1,000 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, ikapanda hadi 1,500 mwaka 2023. Anayenunua umeme ndiye anayekatwa, na mara nyingi huyo ni mpangaji. Kama kulipa kodi kungekuwa kumiliki, nusu ya nyumba za Dar es Salaam zingekuwa za wapangaji.

Tukija kwenye vyombo vyenyewe, ramani ya Tanzania Bara si ngumu ukiikariri. Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya mwaka 2002 iliweka ngazi: baraza la kijiji, baraza la kata, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Mahakama Kuu, Mahakama ya Rufani. Mahakama ya Mwanzo na ya Wilaya hazina nafasi kwenye mgogoro wa umiliki wa ardhi, na bado kila mwaka kuna mtu anapeleka huko shauri la kiwanja likiwa limevalishwa nguo ya deni au ya uvamizi. Tangu mabadiliko ya mwaka 2021 baraza la kata haliamui tena, linasuluhisha. Likishindwa linatoa cheti cha kushindwa kusuluhisha, na bila cheti hicho Baraza la Wilaya halikupokei. Isipokuwa zikipita siku 30 tangu ufungue lalamiko kata na usuluhishi haujafanikiwa, unaweza kwenda wilayani bila cheti. Chukua basi uthibitisho wa tarehe uliyofungua, yaani nakala ya lalamiko lako iliyogongwa muhuri wa mapokezi, maana wilayani watakuuliza siku 30 unazihesabu kutoka wapi. Baraza la Wilaya linasikiliza madai ya kurejeshewa ardhi yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 300. Juu ya hapo ni Mahakama Kuu.

Thamani hiyo siyo inayoamua kila kitu, na hapa ndipo ufa kati ya hukumu na daftari unapozaliwa. Kamishna wa Ardhi, Msajili wa Hati na halmashauri ni serikali. Kwa mabadiliko ya mwaka 2020, anayeishtaki serikali, halmashauri ikiwemo, lazima atoe notisi ya siku 90, amuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri lifunguliwe Mahakama Kuu. Kiwanja chako kikiwa cha milioni 20, Baraza la Wilaya lina uwezo juu yako na jirani yako, lakini halina uwezo wa kumwita Msajili kama mdaiwa. Watu hukwepa notisi na gharama kwa kumwacha Msajili nje. Wanashinda dhidi ya jirani, wanaibeba hukumu hadi dirishani, na Msajili anajibu kwa haki kabisa kwamba hakuwa sehemu ya shauri na hakuna amri iliyoelekezwa kwake.

Njia zipo mbili, na uchague kabla ya kuandika mstari wa kwanza. Kama hoja yako ni kwamba ofisi ndiyo iliyokosea, mathalani ilitoa hati mbili au ilisajili uhamisho kwa nyaraka za kughushi, usipoteze muda barazani. Toa notisi, subiri siku 90, nenda Mahakama Kuu ukiwa na Msajili, Kamishna na Mwanasheria Mkuu ndani ya shauri. Kifungu cha 99 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ndicho kinachohusu kurekebisha daftari, na amri ya Mahakama Kuu ndiyo funguo yake kuu. Nafuu unayoiomba iandikwe kama maelekezo kwa karani, isiandikwe kama hotuba: "Msajili wa Hati aamriwe kufuta usajili wa mdaiwa wa kwanza katika Hati Na. fulani, L.O. Na. fulani, Kiwanja Na. 214 Kitalu D, na kumsajili mdai. Na iwapo mdaiwa wa kwanza hatasalimisha hati halisi ndani ya siku 30 tangu hukumu, Msajili aendelee bila hati hiyo." Sentensi hiyo ya mwisho inaonekana ndogo. Bila yake, aliyeshindwa anakaa tu na hati yake nyumbani, na ofisi inakuambia ilete.

Kama ugomvi ni wa watu tu, kwa mfano aliyekuuzia amekataa kusaini uhamisho, Baraza la Wilaya linatosha, ila omba jambo tofauti. Omba mjibu maombi aamriwe kusaini nyaraka za uhamisho na kusalimisha hati, na akikaidi, nyaraka hizo zisainiwe kwa niaba yake kwa amri ya chombo hicho wakati wa kukaza hukumu, yaani kuitekeleza, jambo ambalo utaratibu wa madai unaliruhusu. Hapo humwamrishi Msajili chochote. Unampelekea uhamisho uliosainiwa kihalali kama uhamisho mwingine wowote, na unaingia kwenye foleni ya kawaida, kodi zake zikiwemo. Ushuru wa stempu wa asilimia 1 haufutwi na hukumu, wala kodi ya faida ya mauzo. Wanunuzi wengi walioshinda hufika mwisho wa safari na kukwama hapo, kwa sababu muuzaji aliyeshindwa hana mpango wa kulipa kodi, na bila uthibitisho wa malipo hakuna usajili. Mwenye busara huomba mapema kwamba akilazimika kulipa kodi ya muuzaji, fedha hiyo ihesabiwe kuwa deni juu ya muuzaji.

Mirathi inastahili nafasi kubwa zaidi, maana ndiko majalada yanakoenda kufia.

Baba amefariki, hati iko kwa jina lake. Kijana mkubwa anaona jirani anasogeza ukuta, anakimbia barazani kwa jina lake mwenyewe. Anashinda, jirani anakata rufaa, na Mahakama Kuu inauliza swali moja: wewe ni msimamizi wa mirathi? Si msimamizi, ni mtoto. Shauri lote linafutwa, miaka minne imekwenda. Ardhi ya marehemu inasemewa na msimamizi aliyeteuliwa na mahakama, basi. Kuwa mrithi, hata mrithi pekee, hakukupi miguu ya kusimama barazani.

Uteuzi wenyewe unapatikana Mahakama ya Mwanzo kama marehemu alifuata sheria ya Kiislamu au ya kimila, vinginevyo mahakama za juu. Unajaza Fomu Na. I, tangazo linatolewa, pingamizi zinasubiriwa, na ukiteuliwa unapewa Fomu Na. IV. Wengi huichukulia Fomu Na. IV kama hati ya urithi. Siyo. Ni ruhusa ya kukusanya mali, kulipa madeni na kugawa. Ndani ya miezi minne unatakiwa kurudisha Fomu Na. V, orodha ya mali na madeni, kisha Fomu Na. VI, hesabu ya namna ulivyogawa. Kiwanja kisipoonekana kwenye Fomu Na. V, au kikaandikwa "nyumba moja Manzese" bila namba, umeshajitengenezea ugomvi wa kesho.

Kwa Msajili kuna hatua mbili, na kosa la kawaida ni kuishia kwenye ya kwanza. Hatua ya kwanza, msimamizi anasajiliwa mahali pa marehemu, na daftari linasema fulani, kama msimamizi wa mirathi ya marehemu fulani. Maneno hayo "kama msimamizi" ndiyo yanayowalinda warithi wengine. Hatua ya pili ni kuhamisha kwa warithi, kila mmoja au kwa pamoja. Familia nyingi huishia hatua ya kwanza kwa miaka, kijana mkubwa anazoea kuitwa mwenye nyumba, halafu siku moja anauza. Mdogo wake anakwenda mahakamani kuomba uteuzi utenguliwe, mahakama inautengua, na sasa kuna mnunuzi mwenye uhamisho uliosajiliwa wakati uteuzi ulikuwa hai. Kuutengua uteuzi hakumfuti mnunuzi kwenye daftari. Hiyo ni kazi nyingine, na swali zito litakuwa kama mnunuzi alijua.

Majina ndiyo mwiba wa kila siku. Hati inasema Juma Ali Hassan, cheti cha kifo kinasema Juma Ally, Fomu Na. IV inasema Mzee Juma A. Hassan. Kwa aliye hai unatengeneza hati ya kuthibitisha majina na kuisajili. Marehemu hawezi kusaini chochote, kwa hiyo msimamizi anaapa kiapo kueleza kwamba majina hayo yote ni ya mtu mmoja, akiambatisha kadi ya kliniki, kitambulisho cha kazi, cheti cha ndoa, chochote chenye umri mkubwa kuliko mgogoro. Afadhali zaidi ni kulimaliza kabla Fomu Na. IV haijachapwa: mwombe karani aandike jina kama lilivyo kwenye hati, herufi kwa herufi, na "aliyejulikana pia kama" kwa majina mengine.

Na pale mtu anapobisha kwamba kiwanja hicho ni mali ya marehemu au la, msimamo wa Mahakama ya Rufani ni kwamba ugomvi juu ya mali iliyo ndani ya mirathi unaamuliwa na mahakama iliyo na jalada la mirathi. Kukimbilia Baraza la Ardhi wakati jalada la mirathi bado liko wazi ni kujitafutia pingamizi la awali, na litakubaliwa. Muda nao unatembea: miaka 12 ya kudai ardhi aliyokuwa nayo marehemu inahesabiwa tangu afariki. Siku ulipopata Fomu Na. IV haiingii kwenye hesabu. Aliyekaa miaka kumi akisubiri wakubwa wa ukoo wakubaliane amebakiza miwili.

Zuio la muda linahitaji aya yake kwa sababu moja: watu hulibandika mahali pasipo sahihi. Wanapata amri, wanaibandika kwenye geti, wanampa mwenyekiti wa mtaa nakala, wanapiga picha. Hakuna anayeipeleka kwa Msajili. Miezi miwili baadaye benki inasajili rehani juu ya kiwanja hicho, na benki ilifanya upekuzi na kukuta safi. Amri ipelekwe ofisi ya Msajili siku hiyo hiyo, ipokelewe kwa muhuri kwenye nakala yako. Kumbuka pia kwamba zuio la muda haliwi la kudumu kwa kusahauliwa. Mwisho wake ni miezi sita, na hata likiongezwa lisipite mwaka. Kaveti, yaani tahadhari inayoandikwa kwenye daftari, ni kitu kingine. Hiyo unaiweka mwenyewe kwa Msajili kwa kiapo kinachoeleza maslahi yako, naye Msajili anamtaarifu mmiliki, na mmiliki anaweza kwenda Mahakama Kuu kukutaka ueleze kwa nini isiondolewe. Weka kaveti ukiwa na kitu cha kueleza. "Nina mgogoro na ndugu yangu" si maslahi katika ardhi.

Milki pandikizi, kiwanja kimoja kwa watu wawili, ina sura mbili ambazo huchanganywa. Sura ya kwanza ni ya karatasi: ofisi iligawa mara mbili, na aliyepewa kwanza milki yake haijawahi kufutwa. Hapo mgao wa pili una taabu ya kusimama, kwa sababu hakuna kilichobaki cha kugawa. Lakini kama wa pili ndiye mwenye hati iliyosajiliwa na wa kwanza ana barua ya toleo ya zamani tu, mzigo wa kuthibitisha unahama. Mwenye hati huchukuliwa kuwa mmiliki hadi ithibitishwe kuwa aliipata isivyo halali, na kuthibitisha huko ni kwa nyaraka za jalada: nakala ya barua ya toleo, stakabadhi za ada zilizotajwa humo, kumbukumbu za kikao cha kamati ya ugawaji. Omba mahakama iamuru jalada lote liletwe mbele yake. Karatasi moja moja zilizonakiliwa na rafiki wa masijala hazina nguvu, na zinaweza kukugeuka.

Sura ya pili ni ya ardhini. Hati ni mbili, kila moja ina namba yake halali, ila watu wawili wamesimama sehemu moja kwa kuwa bikoni, alama za mipaka, zilihama au mpima alitumia mfumo mwingine. Ramani za zamani zilichorwa kwa mfumo wa vipimo uitwao Arc 1960. Vifaa vya setilaiti vinatoa vipimo vya mfumo tofauti. Ukizichukua namba za mfumo mmoja ukaziingiza kwenye mwingine bila kuzibadili, unaangukia takriban mita 300 mbali na palipo pako. Mpima aliyezoea hawezi kukosea hivyo. Fundi aliyenunua kifaa juzi anaweza. Mgogoro wa namna hii hauhitaji mashahidi kumi wa kusema nani alipanda minazi. Unahitaji mpima wa serikali kufufua mipaka mbele ya pande zote mbili, na ripoti yake iwekwe kwenye shauri. Baraza likitembelea eneo bila mpima, kinachoandikwa ni kile ambacho kila upande ulionyesha kwa kidole.

Ardhi ya kijiji iko nje ya haya yote kwa sehemu kubwa. Hatimiliki ya kimila inaandikwa kwenye masijala ya ardhi ya kijiji, nakala wilayani, na hukumu inapelekwa huko kwa halmashauri ya kijiji. Kumpelekea Msajili wa Hati ni kupoteza nauli.

Sasa hukumu imetoka. Ya Baraza la Wilaya inakatiwa rufaa ndani ya siku 45, na tunashauri kutolipeleka jambo dirishani kabla siku hizo hazijapita, hata kama sheria haisemi kwamba rufaa peke yake inasimamisha utekelezaji. Sababu ni wazee wa baraza. Mwenyekiti anakaa na wazee wasiopungua wawili, na maoni yao lazima yatolewe kwa maandishi na kusomwa mbele ya wadaawa kabla ya hukumu. Mahakama ya Rufani imefuta hukumu nyingi kwa sababu jalada halionyeshi maoni hayo kusomwa, na shauri kurudi mwanzo. Ukishabadilisha jina halafu hukumu ikafutwa, itabidi daftari lirudishwe nyuma, na kama katikati umeshauza au kukopa, umeingiza watu wawili zaidi kwenye tope. Kwa hiyo siku ya maoni, wewe au wakili wako muwepo, na hakikisheni mwenendo wa shauri unaandika kwamba yamesomwa. Ni dakika tano.

Unachopeleka ni nakala zilizothibitishwa za hukumu na za dikrii, ile karatasi fupi inayosema nani amepewa nini. Soma dikrii kabla ya kuondoka barazani, uilinganishe na hukumu na majibu ya upekuzi. Mahali panapokosewa ni namba ya kitalu, tahajia ya jina, na ukubwa wa eneo. Makosa ya uchapaji yanasahihishwa na chombo kilichotoa dikrii kwa maombi madogo. Ukishaipeleka kwa Msajili ikiwa na kosa, unaanza safari mbili badala ya moja. Ambatisha barua ya kueleza unachotaka kwa aya mbili, kitambulisho chako, hati halisi kama unayo au amri inayokusamehe kuileta, na uthibitisho kwamba muda wa rufaa umekwisha bila rufaa kufunguliwa.

Ofisa akikataa, usibishane. Mwombe kwa heshima aandike. "Naomba jibu hilo kwa barua, kaka, ili wakili wangu ajue pa kuanzia." Jibu la mdomo halikatiwi rufaa. Uamuzi wa Msajili ulioandikwa unakatiwa Mahakama Kuu chini ya kifungu cha 102 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi: kwanza notisi ya kusudio la kukata rufaa ndani ya mwezi mmoja, kisha rufaa yenyewe ndani ya miezi mitatu. Mwezi huo unahesabiwa tangu uamuzi ulipotolewa, si tangu wakili aliporudi safari. Na akikubali, rudi baada ya wiki chache ufanye upekuzi upya kwa gharama yako, usome namba zote kwa kidole, halafu ndipo uibebe hati mpya nyumbani.